Mtu ashtakiwe kwa jina lake, si kwa kabila lake: maisha ya mwanasheria David Maxwell Fyfe

Katika mikutano yetu na viongozi wa kambi, machifu wa vijiji na familia zilizohama makwao, kuna swali lisilokosa kuulizwa: «Waliotufukuza na kutuulia watu wetu watajibu lini?» Mara nyingi swali hilo hufuatwa na neno lingine: «Watu wa kabila lile wote ndivyo walivyo.» Swali la kwanza ni la haki, na kila aliyepoteza ndugu ana haki ya kuliuliza. Neno la pili ndilo linalopanda mbegu ya vita vijavyo.

Katika toleo hili tumeona ni vema kueleza maisha ya mtu mmoja aliyekutana na mambo hayo mawili baada ya vita vikubwa kuliko vyote. Ni David Maxwell Fyfe, mwanasheria wa Uingereza aliyeingia siasa. Hatumweleza kwa sababu alikuwa mtakatifu. Ndugu wasomaji wataona kwamba alifanya mambo makubwa, na kwamba baadaye, akiwa na madaraka, alishindwa kufuata mengine aliyoyatetea. Pande zote mbili za maisha yake zina funzo kwa watu wanaotafuta amani.

Alitoka wapi?

Alizaliwa Edinburgh, Scotland, tarehe 29 Mei 1900. Baba yake alikuwa mwalimu. Alisoma chuo kikuu cha Oxford, lakini hakutoka na alama za kujivunia: alipata daraja la tatu. Kisha alifanya kazi ya kujipatia riziki huku akijisomea sheria, na mwaka 1922 akakubaliwa kuwa wakili. Alianza kazi Liverpool, mji wa bandari, akitetea kesi za kila aina.

Hakusifiwa kwa maneno matamu. Alisifiwa kwa kujitayarisha. Alisoma faili lote, karatasi kwa karatasi, kabla ya kusimama mbele ya hakimu. Mwaka 1934, akiwa bado kijana, alipewa cheo cha King's Counsel, ambacho hupewa mawakili waliobobea. Mwaka 1935 alichaguliwa mbunge wa West Derby, Liverpool, kwa tiketi ya chama cha Conservative. Mwaka 1942, vita vikiwa vimepamba moto, aliteuliwa naibu wa Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na Mei 1945 akawa Mwanasheria Mkuu mwenyewe.

Kesi au risasi?

Mei 1945 Ujerumani ilishindwa. Nchi zilizoshinda zikajiuliza: tuwafanye nini viongozi wa Hitler tuliowakamata? Walikuwa wameanzisha vita, na utawala wao ulikuwa umeua Wayahudi wapatao milioni 6 na mamilioni ya watu wengine.

Wengi walitaka wauawe mara moja. Hata ndani ya serikali ya Uingereza, Waziri Mkuu Winston Churchill akiwa mmojawapo, kulikuwa na wazo la kuwapiga risasi wakubwa hao bila kesi. Hoja yao inaeleweka hata leo kijijini: «Kila mtu anajua walichofanya, tunapoteza wakati kwa nini?»

Lakini wazo la kuwapeleka mahakamani ndilo lililoshinda. Mwishoni mwa Juni 1945 wajumbe wa Marekani, Uingereza, Ufaransa na Umoja wa Kisovyeti walikutana London kuandika sheria ya mahakama ya pekee. Mwanzoni Maxwell Fyfe ndiye aliyeongoza ujumbe wa Uingereza. Sheria hiyo ilitiwa saini tarehe 8 Agosti 1945. Ndani yake kulikuwa na mambo mawili ambayo dunia haikuwa imeyazoea:

- Kuwa mkuu wa nchi au waziri si kinga. Aliyetoa amri atajibu yeye mwenyewe.
- Kusema «nilitumwa na mkubwa wangu» hakumwondolei mtu kosa, ingawa kunaweza kupunguza adhabu.

Katikati ya mazungumzo hayo chama cha Maxwell Fyfe kilishindwa katika uchaguzi, naye akapoteza uwaziri. Mwanasheria Mkuu mpya, Hartley Shawcross wa chama cha Labour, angeweza kumfukuza na kuweka mtu wake. Badala yake alimwomba aendelee na kazi hiyo akiwa naibu wake. Kwa kuwa Shawcross alikuwa na kazi nyingi London, Maxwell Fyfe ndiye aliyebeba mzigo wa kila siku wa upande wa Uingereza katika mji wa Nuremberg. Watu wa vyama viwili vinavyopingana walikubaliana kwamba haki ya waliouawa si mali ya chama.

Alivyomhoji Göring

Kesi ilianza tarehe 20 Novemba 1945. Aliyekuwa mkubwa kuliko washtakiwa wote waliokuwa kizimbani alikuwa Hermann Göring, aliyewahi kuwa wa pili baada ya Hitler na mkuu wa jeshi la anga. Alikuwa mwerevu, na hakuona haya. Machi 1946 mwendesha mashtaka wa Marekani, Robert Jackson, alimhoji, lakini Göring alijibu kwa hotuba ndefu na kumfanya Jackson akasirike mbele ya watu wote. Ilionekana kana kwamba mshtakiwa ndiye anayeongoza kesi.

Ndipo Maxwell Fyfe akasimama. Hakuanza na mambo makubwa ya siasa. Alianza na kisa kimoja chenye tarehe. Machi 1944 wafungwa wa kivita 76, marubani wa nchi zilizopigana na Ujerumani, walitoroka kambi ya Sagan kwa kupitia shimo walilochimba chini ya ardhi. 73 walikamatwa. Kati yao 50 waliuawa kwa risasi, kinyume cha sheria za vita.

Göring alisema hakuhusika, kwani siku hizo alikuwa likizo. Maxwell Fyfe hakumpigia kelele. Alimuuliza: likizo ilianza lini, iliisha lini, nani katika wizara yako alijua, alijua siku gani? Swali baada ya swali, alionyesha kwamba mauaji yaliendelea siku nyingi baada ya Göring kurudi kazini, na kwamba maofisa waliokuwa chini yake walijua. Hapo mtu yule mwenye hotuba ndefu akakosa mahali pa kujificha. Hasira haikumshinda, bali tarehe, majina na karatasi za serikali yake mwenyewe.

Hukumu zilitolewa tarehe 30 Septemba na 1 Oktoba 1946. Kati ya watu 22, 12 walihukumiwa kifo, 7 walifungwa, na 3 waliachiwa huru. Göring alijiua kwa sumu kabla ya kunyongwa.

Tunaomba msomaji asiwapite haraka wale watatu walioachiwa. Walikuwa Wajerumani, na walikuwa wamekaa karibu na utawala uleule. Lakini mahakama haikuulizwa «Je, Wajerumani ni wabaya?» Iliulizwa «Je, mtu huyu, kwa jina lake, alifanya jambo hili?» Pale ushahidi ulipopungua, mtu alirudi nyumbani. Kwa njia hiyo Mjerumani wa kawaida hakubebeshwa kosa la Göring, na Göring hakuweza kujificha nyuma ya taifa zima.

Kesi hiyo ilikuwa na kasoro. Waliohukumu walikuwa washindi, na makosa ya washindi hayakuguswa. Kwa mfano, Wasovyeti waliwashtaki Wajerumani kwa mauaji ya maelfu ya maofisa wa Poland katika msitu wa Katyn. Mauaji hayo waliyafanya wao wenyewe, wakaja kukiri mwaka 1990. Anayesema Nuremberg ilikuwa haki ya washindi hasemi uongo. Lakini sheria iliyoandikwa ina tabia moja: ikishatoka mkononi mwa aliyeiandika, inaweza kumrudia.

Sheria inayoifunga hata serikali

Baada ya Nuremberg, Maxwell Fyfe alikuwa amesoma kwa miezi mingi jinsi serikali ilivyoweza kuwaua raia wake kwa mihuri na saini. Hitler hakuanza na kambi za mauaji. Alianza kwa kufunga magazeti, kuwafunga wapinzani na kuwanyang'anya watu uraia. Nani angeweza kumzuia mapema?

Mwaka 1949 nchi za Ulaya Magharibi ziliunda Baraza la Ulaya, lenye makao yake Strasbourg. Maxwell Fyfe alikuwa mwenyekiti wa kamati ya sheria ya baraza hilo. Pamoja na Pierre-Henri Teitgen, mwanasheria Mfaransa aliyewahi kupinga Wajerumani kwa siri wakati wa vita, alisukuma kazi ya kuandika Mkataba wa Ulaya wa Haki za Binadamu. Ulitiwa saini Roma tarehe 4 Novemba 1950 na ukaanza kutumika Septemba 1953. Mwaka 1959 mahakama yake ilianzishwa.

Haki zilizoandikwa humo zinajulikana: kuishi, kutoteswa, kupata kesi ya haki, kuamini na kusema bila woga. Jambo jipya lilikuwa kwamba serikali inaweza kuitwa kujieleza mbele ya watu wasio chini yake. Afrika nayo ilikuja kuwa na Mkataba wake wa Haki za Binadamu na Watu, uliopitishwa mwaka 1981 na kuanza kutumika 1986, na Kongo ni mojawapo ya nchi zilizouridhia.

Pale alipoanguka

Mwaka 1951 chama chake kilirudi madarakani, naye akawa Waziri wa Mambo ya Ndani. Sasa kalamu ilikuwa mkononi mwake. Wakati huo Uingereza bado ilinyonga wauaji, na waziri huyo ndiye aliyeshauri kama mtu asamehewe au la.

Novemba 1952 askari polisi, Sidney Miles, aliuawa kwa risasi mjini Croydon. Aliyepiga risasi alikuwa Christopher Craig, mvulana wa miaka 16, ambaye kwa umri wake hakuweza kunyongwa. Mwenzake, Derek Bentley, alikuwa na miaka 19 na akili yake ilikuwa nzito. Hakushika bunduki iliyoua, na polisi walikuwa wameshamkamata risasi ilipopigwa. Wote wawili walikutwa na hatia. Wazee wa baraza waliomba Bentley ahurumiwe. Wabunge wapatao 200 waliomba hivyo hivyo. Maxwell Fyfe alikataa. Bentley alinyongwa tarehe 28 Januari 1953. Familia yake haikunyamaza. Dada yake alidai haki kwa zaidi ya miaka 40, akafa bila kuiona. Mwaka 1998 mahakama ya rufani ilifuta hukumu ile.

Kosa la pili liligusa Afrika yetu. Oktoba 1953 Uingereza ilitangaza kwamba Mkataba wa Ulaya utatumika pia katika makoloni yake mengi, Kenya ikiwemo. Lakini wakati huohuo Kenya ilikuwa katika hali ya hatari, na makumi ya maelfu ya watu walikuwa wamefungwa kambini bila kesi, wengi wakipigwa na kuteswa. Maxwell Fyfe hakuwa Waziri wa Makoloni, lakini aliketi katika baraza la mawaziri la serikali hiyo. Mkataba ulikuwepo kwenye karatasi. Mkenya aliyekuwa kambini hakuwa na mlango wa kuupitia. Ilibidi kusubiri hadi Juni 2013 ndipo serikali ya Uingereza ilipokubali kulipa paundi milioni 19.9 kwa wazee 5,228 walioteswa.

Mwaka 1954 alipanda tena, akawa Lord Chancellor, yaani mkuu wa mambo ya mahakama katika serikali, akijulikana sasa kwa jina la Kilmuir. Mwaka 1956 Uingereza ilipotaka kuivamia Misri kwa sababu ya mfereji wa Suez, wanasheria wa Wizara ya Mambo ya Nje walisema hakuna haki ya kufanya hivyo. Yeye aliwaambia wakubwa kwamba sheria inaruhusu. Mtu aliyewashtaki wengine kwa kuanzisha vita sasa alitafuta maneno ya kuhalalisha vita vya serikali yake. Julai 1962 Waziri Mkuu Harold Macmillan aliwaondoa mawaziri 7 kwa siku moja, naye akiwemo. Alifariki tarehe 27 Januari 1967.

Tunasema nini basi? Mganga hajigangi. Aliyejua vizuri kuliko wengi hatari ya serikali isiyozuiliwa hakuiona hatari hiyo ilipokuwa katika nyumba yake. Lakini Mkataba alioandika haukufa pamoja na makosa yake. Tangu mwaka 1966 raia wa Uingereza wameweza kuishtaki serikali yao Strasbourg, na mara nyingi wameshinda. Amani haiwezi kutegemea kiongozi mwema peke yake. Inahitaji sheria inayombana hata yeye.

Haya yanatuhusu nini sisi wa Kongo?

Yanatuhusu moja kwa moja. Mahakama ya Kimataifa ya Jinai ya The Hague, ambayo Kongo iliikubali mwaka 2002, imejengwa juu ya msingi wa Nuremberg. Kesi yake ya kwanza kabisa ilitoka Ituri: Thomas Lubanga alikutwa na hatia mwaka 2012 kwa kuwatia jeshini watoto walio chini ya miaka 15. Mwaka 2019 Bosco Ntaganda alihukumiwa kifungo cha miaka 30.

Tuangalie hasa kesi ya shambulio la kijiji cha Bogoro la Februari 2003. Washtakiwa walikuwa wawili. Mathieu Ngudjolo aliachiwa huru mwaka 2012 kwa kukosa ushahidi wa kutosha. Germain Katanga alihukumiwa mwaka 2014. Mahakama haikuhukumu Wahema wala Walendu. Iliuliza juu ya kila mtu kwa jina lake, kama ilivyokuwa Nuremberg. Mwaka 2017 waathirika 297 waliamriwa kupewa dola 250 kila mmoja, pamoja na misaada ya pamoja ya makazi, elimu na msaada wa kisaikolojia. Ni miaka 14 baada ya shambulio, na dola 250 hazirudishi mtoto wala ng'ombe. Hatutaki kumdanganya mtu: njia hii ni ndefu na malipo yake ni madogo.

Hata hivyo haki haitoki The Hague tu. Desemba 2017, katika kesi ya Kavumu, Kivu ya Kusini, mahakama ya kijeshi iliwahukumu watu 11 kifungo cha maisha kwa ubakaji wa watoto wadogo. Mmoja wao alikuwa mbunge wa jimbo. Cheo hakikumkinga. Na Oktoba 2024 ofisi ya mwendesha mashtaka wa The Hague ilitangaza kwamba inaelekeza tena uchunguzi wake Kivu ya Kaskazini, kwa makosa yaliyotendeka tangu Januari 2022.

Familia na viongozi wafanye nini?

Kilichomshinda Göring ni karatasi. Lakini familia iliyokimbia usiku haikimbii na karatasi. Waliokuwa katika kambi za pembeni ya Goma zilizobomolewa mwanzoni mwa mwaka 2025 wanajua jinsi jetoni, vyeti vya kuzaliwa na daftari vinavyopotea kwa siku moja. Kwa hiyo tunashauri haya:

1. Kumbuka kwa tarehe na mahali. Kama hujui tarehe, shika alama: ilikuwa siku ya soko, wakati wa kuvuna maharagwe, wiki moja baada ya Pasaka. Andika majina ya waliokufa na waliopotea, na mali iliyoachwa: shamba liko wapi, linapakana na nani.

2. Tofautisha ulichokiona na ulichosikia. Vyote vina maana, lakini si kitu kimoja.

3. Usimfundishe shahidi la kusema. Katika kesi ya Lubanga majaji walikataa maneno ya mashahidi kadhaa, kwa sababu waliona huenda watu wa kati waliwafundisha. Anayeongeza chumvi ili kusaidia haki anaiharibu.

4. Usimhoji mtoto, wala mama au msichana aliyebakwa. Mpeleke kwanza kwa muuguzi, kisha kwa mtu aliyefundishwa kazi hiyo. Kumlazimisha kueleza mara kumi ni kumuumiza mara kumi.

5. Linda maandishi. Orodha yenye majina ya mashahidi inaweza kuua ikiingia mikono mibaya. Usiitembeze kambini wala usiitume kwa simu ovyo. Pale ambapo mahakama hazifanyi kazi au kuna hatari, ni afadhali kuhifadhi kichwani na kusubiri, kuliko kuandika na kukamatwa. Palipo na usalama, tafuta wakili wa haki za binadamu au kliniki ya kisheria unayoiamini.

6. Taja mtu, usitaje kabila. Kiongozi akisikia mkutanoni «wale watu ndio walituua», aulize kwa upole: «Nani? Ulimwona? Nani alimtuma?» Maswali hayo hayamtetei mwuaji. Yanamtoa katikati ya kundi alimojificha, na yanamwacha huru jirani asiye na kosa. Jirani huyo ndiye tutakayekutana naye tena kisimani na sokoni siku ya kurudi nyumbani.

Maswali ya kuzungumza katika vikundi

- Katika jamii yetu, ni nani anayeteseka kwa sababu ya kosa la mtu mwingine wa kabila lake?
- Kama mmoja wa «watu wetu» ametenda kosa, tuko tayari kumtaja kwa jina kama tunavyowataja wengine?
- Ni nani anayemzuia kiongozi wetu wa kambi au wa kijiji anapotumia madaraka vibaya, na analalamikiwa wapi?
- Ni kumbukumbu gani za familia tunaweza kuanza kuzihifadhi wiki hii, bila kumweka mtu hatarini?